Kabla ya kuwa Simba wa Vita, Kawawa alikuwa mchekeshaji

Ukilitaja jina la Rashidi Mfaume Kawawa hapa Kasese, wazee wanaomkumbuka watakuambia habari za vita. Na wana haki. Mwaka 1978 majeshi ya Idi Amin yalipovuka na kuiteka Kagera, Kawawa ndiye aliyekuwa Waziri wa Ulinzi wa Tanzania. Mwaka uliofuata, tarehe 11 Aprili 1979, wanajeshi wa Tanzania na Waganda waliokuwa uhamishoni waliingia Kampala. Watanzania wenyewe walimpa jina la Simba wa Vita, na alipofariki tarehe 31 Desemba 2009 magazeti yaliandika kurasa nyingi juu ya uwaziri wake, uaminifu wake kwa Mwalimu Nyerere na kazi zake katika chama.

Kuna ukurasa mmoja ambao aghalabu huandikwa kwa mistari miwili tu, kisha mwandishi anakimbilia siasa. Leo naomba tukae kwenye ukurasa huo. Kabla ya vyeo vyote hivyo, Kawawa alikuwa mchekeshaji wa sinema, na si kwa maana ya kijana aliyejaribu mara moja akaona haya. Alikuwa nyota wa filamu za kwanza za hadithi zilizotengenezwa Tanganyika kwa lugha ya Kiswahili, mwanzoni mwa miaka ya 1950.

Najua msomaji wangu wa Mpondwe atauliza, yananihusu nini hayo, mimi niliyeamka alfajiri kupanga gunia zangu? Yanamhusu, na nitamfikisha huko.

Habari yenyewe ni hii. Kawawa, mzaliwa wa Songea, alisoma Tabora, shule ile ya serikali iliyowatoa wengi wa wakubwa wa Tanganyika. Alipotoka huko aliingia kazini kama karani, kisha akahamia idara ya ustawi wa jamii. Huko alifanya kazi na gari la sinema, lile lililokuwa likizunguka vijijini. Wazee wetu wanalijua gari la namna hiyo, maana Uganda nayo ilikuwa nayo. Lilifika jioni na jenereta yake, likatundika shuka jeupe, watu wakakaa chini, watoto mbele, na mtu mmoja mwenye kipaza sauti akawa anaeleza kwa lugha ya watu kile kinachoonekana. Mara nyingi kilichoonekana kilikuwa mafundisho tu: namna ya kuchimba choo, kuua mbu, kupanda pamba kwa mistari. Watu walitazama kwa adabu wakisubiri kitu cha kuchekesha.

Serikali ya kikoloni ikaligundua hilo. Kati ya mwaka 1951 na 1954 ikashirikiana na kampuni ya Johannesburg iitwayo African Film Productions, ikatengeneza filamu za hadithi kwa Kiswahili, waigizaji wakiwa Waafrika wa Tanganyika. Iliyopendwa sana ni Muhogo Mchungu, na mwenye kuibeba alikuwa Kawawa. Ni kichekesho cha mtu wa shamba anayeingia Dar es Salaam macho yakiwa yamemtoka, na wajanja wa mjini wanamchezea wanavyotaka. Zipo nyingine pia, kama Chalo Amerudi, ambayo kwa jina lake peke yake ingejaza ukumbi Bwera, mji ambao nusu ya watu wake wameshawahi kurudi kutoka mahali fulani.

Hadithi ya mshamba anayeingia mjini haikuvumbuliwa Dar es Salaam. Mwaka 1949 huko Afrika Kusini, Donald Swanson alikuwa ameongoza filamu ya Jim Comes to Jo'burg, ambamo kijana wa kijijini anafika Johannesburg na kuporwa kabla hajajua mjini kuna barabara ngapi. Na jirani zetu wa Kongo nao walikuwa na zao. Katika miaka hiyohiyo ya 1950, padri mmoja Mbelgiji wa Kasai, Albert Van Haelst, alitengeneza vichekesho vya watu wawili, Matamata na Pilipili, mmoja mnene na mmoja mwembamba, wakianguka, wakigombana na kukimbizana. Huyo Matamata aliigizwa na Emmanuel Lubalu. Kwa hiyo serikali, kampuni na misheni wote walifikia jambo moja, kwamba ukitaka Mwafrika akusikilize, mtumie mchekeshaji.

Hapo ndipo ninapotia shaka yangu. Filamu hizo zilikuwa na mwenye nazo, na mwenye nazo alikuwa na shida zake. Wakati ule vijana walikuwa wakimiminika Dar es Salaam, na serikali haikuwataka. Wasiokuwa na kazi waliitwa wahuni, wakakamatwa mitaani na kurudishwa makwao. Kichekesho cha mtu wa shamba anayetapeliwa mjini kilimfaa sana bwana huyo, kwani kilimwambia kijana: ona yanayokusubiri, kaa kwenu ulime. Ukikitazama hivyo, Muhogo Mchungu ni tangazo la serikali lililovaa kanzu ya mzaha.

Lakini mchekeshaji ni kiumbe asiyefungika kirahisi. Aliyeandika karatasi anaweza kukusudia hili, na mtu anayesimama mbele ya kamera akaleta lile. Kawawa hakuwa mshamba asiyejua taa za barabarani. Alikuwa msomi wa Tabora anayejua Kiingereza cha wakubwa wake na anayejua pia wanavyomwona Mwafrika. Mtu kama huyo akijifanya bwege, anakuwa amewatazama mabwege wa kila aina, wa shamba, wa mjini na wa ofisini. Ndiyo maana sishangai kwamba mwaka 1955, muda mfupi baada ya sinema hizo, tunamkuta akiwa katibu mkuu wa kwanza wa shirikisho la vyama vya wafanyakazi, TFL, akiwaambia makuli na makarani wasikubali kuchezewa na mwajiri. Yule aliyeigiza mtu anayetapeliwa alikuwa sasa akiwafundisha wenzake kuhesabu mishahara yao.

Yaliyofuata yalikwenda mbio. Tanganyika ilipata uhuru tarehe 9 Desemba 1961. Siku 44 baadaye, tarehe 22 Januari 1962, Nyerere alijiuzulu uwaziri mkuu akaenda kukijenga chama, na kiti akamwachia Kawawa. Akawa baadaye makamu wa rais, kisha makamu wa pili baada ya muungano wa 1964, na tena waziri mkuu kuanzia 1972 hadi 1977. Hapa sitampamba. Miaka hiyo ya mwisho ndiyo iliyokuwa miaka ya operesheni za vijiji vya ujamaa, ambapo wakulima wengi walihamishwa bila kuulizwa. Ni ajabu ya dunia kwamba mtu aliyepata jina kwa kuigiza mkulima anayesukumwa huku na huku na watu wa mjini alikuja kuwa mkubwa katika serikali iliyowasukuma wakulima. Sijui kama alilicheka hilo usiku akiwa peke yake.

Jambo lililonifanya niandike makala hii ni jingine. Januari 1967 ni Kawawa huyuhuyu, akiwa makamu wa pili wa rais, aliyetangaza kwamba shughuli zote za serikali ya Tanzania zitafanywa kwa Kiswahili na kwamba Kiingereza kisitumike pasipo na lazima. Mwaka huohuo likaundwa Baraza la Kiswahili la Taifa. Amri ile ilishika. Karani wa Tabora na hakimu wa Mtwara waliandika Kiswahili, na wanaandika mpaka leo.

Sasa tazama upande wetu. Mwaka 1973 Idi Amin naye alitoa amri, akakifanya Kiswahili lugha ya taifa ya Uganda. Amri hiyo haikushika. Ilibaki kwenye redio na kambini. Mtu wa kawaida wa Buganda au wa Kasese alikisikia Kiswahili kwenye kizuizi cha barabarani, kikitoka kwa mtu mwenye bunduki: simama, toa kitambulisho, lala chini. Hata kabla ya Amin, tangu jeshi la Wakoloni, Kiswahili kilikuwa lugha ya kambi. Mama wa miaka hiyo akisikia Kiswahili nje ya mlango usiku hakufikiri mashairi ya Mombasa. Alizima taa.

Nchi mbili, amri mbili, zimepishana miaka sita tu. Kwa nini moja iliota na nyingine ikakauka? Wataalamu watatoa sababu nyingi na mimi sizipingi: chama cha TANU kilifanya mikutano yake kwa Kiswahili, Tanganyika haikuwa na kabila moja kubwa la kushindana nacho, Nyerere hakuwa Amin. Zote ni kweli. Ila naongeza yangu moja ambayo sijaiona ikipewa uzito. Watanganyika walikuwa wameshacheka kwa Kiswahili. Walikuwa wamecheka kwenye sinema, kwenye ngoma, kwenye redio, kwenye mpira, na aliyewachekesha ndiye aliyekuja kuwaambia waandike barua za ofisi kwa lugha hiyohiyo. Kwao Kiswahili kilikuwa na sura ya mtu anayewafanya wacheke, na lugha uliyokwisha kucheka nayo huiogopi ukiikuta ofisini.

Sisi tulianza na amri. Na naona tunarudia.

Katiba yetu, kwa marekebisho ya mwaka 2005, imekitaja Kiswahili kuwa lugha rasmi ya pili. Mwezi Julai 2022 baraza la mawaziri likaamua kifundishwe kwa lazima katika shule za msingi na za sekondari. Mwezi huohuo Kongo ikakamilisha kuingia katika Jumuiya ya Afrika Mashariki. Kwa karatasi, hakuna mji wa Uganda uliostahili kushangilia kuliko Bwera. Sisi tuko hatua chache kutoka Kasindi. Mto Lhubiriha ndio unaotutenganisha na Kongo, na siku ya soko Mpondwe unasikia Kiswahili cha Beni, cha Bunia, cha Goma na cha Kisangani kabla hujanywa chai.

Tuseme ukweli wote. Mkonzo wa Bwera na Mnande wa Beni hawahitaji Kiswahili ili kuelewana. Lugha yao ni moja, mpaka uliwakuta wakiwa ndugu. Wanapatana bei ya kahawa kwa lugha ya nyanya zao. Kiswahili kinaingia anapofika mtu wa tatu: dereva wa lori kutoka Mombasa, Mganda wa Kampala anayeleta sabuni na mabati, mwanamke wa Goma anayetafuta chumvi ya Katwe na samaki wakavu. Hapo ndipo pesa kubwa ilipo, na hapo ndipo mwenye Kiswahili kidogo anapoumia.

Na ni nani mwenye Kiswahili kizuri hapa kwetu? Ni aliyerudi. Ni yule ambaye wazazi wake walikimbilia Kongo au Tanzania, akakulia huko, akaja na lugha kama alivyokuja na sufuria. Vita vya ADF vya kuanzia mwaka 1996 viliwasukuma wengi kutoka milimani, na wapo waliovuka mto wakarudi baada ya miaka. Nawajua watoto wa watu kama hao waliopewa jina la Mkongomani darasani. Namjua mmoja aliyevalishwa kigae shingoni siku nzima, katika shule ambayo sitaitaja, kwa kosa la kumjibu mwenzake kwa Kiswahili uwanjani. Leo mtoto wa mtoto huyo anaambiwa Kiswahili ni somo, akariri ngeli za nomino, atapewa mtihani. Baba yake anatazama kitabu anacheka kicheko kisicho na furaha.

Kwa hiyo nasema hivi, na nawasemea pia walimu wanaolalamika kwamba watoto wanalichukia somo. Tusianze na ngeli. Tuanze na mchekeshaji.

Sisemi hivyo kwa mzaha. Hapa mpakani hatukosi visa. Chukua ujanja wa noti zilizokunjwa, ambao nimeuona kwa macho yangu zaidi ya mara moja. Mtu anabadilisha faranga za Kongo kwa shilingi, anahesabu mbele yako kwa sauti, moja, mbili, tatu, lakini noti zimekunjwa katikati na kila moja imehesabiwa mara mbili. Ukifika nyumbani umebaki na nusu. Au yule kijana anayekuja mbio na daftari mkononi, kalamu sikioni, anamwambia mama mwenye gunia mbili za maharage kwamba bila yeye mzigo hautavuka, na anadai malipo ya karatasi ambayo ofisini haipo. Mama hajui kwamba Jumuiya ina cheti rahisi cha asili ya bidhaa kwa mfanyabiashara mdogo, kwa mzigo usiozidi thamani ya dola 2,000, ikiwa bidhaa yake imo katika orodha. Vipeperushi vipo. Vimeandikwa Kiingereza kizuri sana, vimebandikwa juu ukutani mahali ambapo mtu mwenye gunia kichwani hawezi kuinua shingo kusoma.

Mpe mchekeshaji mmoja dakika 15 redioni kila asubuhi ya soko. Mpe kijana wa daftari, mpe mama wa maharage, mpe afisa anayejua sheria lakini amechelewa kufika. Wacha wazungumze Kiswahili chetu hiki chenye vipande vya Lhukonzo na Kifaransa cha Kongo, kisha polepole kinyooke. Baada ya mwezi mmoja hakuna atakayelipa karatasi isiyokuwepo, kwa sababu kijana wa daftari akitokea tu, soko zima litamwita kwa jina la yule wa redioni.

Hapa ndipo ninapotofautiana na wale waliotengeneza Muhogo Mchungu. Wao walimweka mshamba katikati ili acheke mwenye mji. Mchekeshaji wa Mpondwe amweke tapeli katikati. Swali la kichekesho chochote ni hili: nani anachekwa? Ukiwacheka waliorudi kwa lafudhi yao, utakuwa umerudi kwenye kile kigae shingoni. Ukimcheka mama kwa kutojua fomu, utakuwa umefanya kazi ya yule aliyeibandika fomu juu. Mcheke mwenye daftari. Mcheke na mkubwa anayetoa hotuba ya kusifu Kiswahili kwa Kiingereza, maana huyo nimemsikia mara nyingi na hajawahi kuniangusha.

Atakuwepo atakayesema mji huu hauna hamu ya kucheka. Namwelewa. Usiku wa tarehe 16 Juni 2023 shule ya sekondari ya Lhubiriha ilivamiwa, na zaidi ya watu 40 waliuawa, wengi wao wanafunzi. Kuna nyumba hapa ambazo hazijarudi kuwa nyumba. Sitaki mtu yeyote aliguse hilo kwa mzaha, na mchekeshaji anayejua kazi yake hataligusa. Lakini soko lilifunguliwa tena. Watu walirudi kupanga nyanya zao, na baada ya siku nyingi nilisikia mtu akicheka kwenye meza za vitenge, na hakuna aliyemkemea. Tena wengi wa wanaobaki na vijana wao nyumbani, wakiwaogopea kila wakisikia hatua nje, ndio hao ambao Kiswahili kwao bado kina sauti ya buti. Nataka wakisikie kikiwa na sauti nyingine.

Watu wa kuifanya kazi hiyo wapo, na mfano hauko mbali. Kule Lubumbashi, ulipokuwa ukiitwa Elisabethville, vijana wa mtaa wa Kenia walikuwa na kikundi chao, JECOKE, maana yake vijana wachekeshaji wa Kenia. Humo alitoka Edouard Masengo, aliyefika mpaka Nairobi na gitaa lake, akapendwa na watu ambao hawakuwahi kuiona Katanga. Hakuna wizara iliyomtuma. Alibebwa na Kiswahili cha mtaani kwake na uso wa kuchekesha.

Redio zipo Kasese, na zinasikika ng'ambo ya mto mpaka Kasindi. Vijana wanaoigiza harusini na kwenye sherehe za shule wapo, wengi wao ni watoto wa waliorudi, na kila Ijumaa ya soko wanamwigiza yule kijana wa daftari bure kabisa, nyuma ya vibanda vya chapati, mpaka wauza samaki wanaacha mizani. Kinachokosekana ni mtu wa kulipa hizo dakika 15. Halmashauri inatoza ushuru wa soko kwa kila gunia. Wenye mabasi na wenye maghala ya saruji wanatangaza biashara zao redioni kila siku kwa nyimbo mbaya. Nimeuliza bei ya kipindi kimoja cha asubuhi katika redio moja ya hapa, na kwa hesabu yangu meza 20 za vitenge zikichanga kila moja bei ya soda mbili kwa wiki, mwezi wa kwanza umelipwa.